Mashahidi Chini ya Jiwe la Kumi na Nne

Vijana wa vipimo, goti langu la kulia limenistaafisha kabla ya wakati. Sijafika hamsini, lakini goti halisomi cheti cha kuzaliwa. Limekwenda nami Mahajanga, Nosy Be, Ngazija, Pemba na hapa Tanga, na kila mita kumi nimelibana ardhini ili nichomeke kijiti cha chuma, mpaka mwezi uliopita likakataa kuinuka. Mkanifanyia chai na maandazi ya kuniaga, mkaniomba niwaandikie mambo ya kazi mtakayoyahitaji. Nilikusudia kuandika juu ya kutunza mnyororo. Lakini siku ile ile ya chai niliwasikia nje mkibishana: nani aliingia kazini kwanza, na jina la nani litangulie katika orodha ya vibarua watakaofanywa wafanyakazi wa kudumu. Mlipaza sauti, kisha mmoja wenu akacheka na mambo yakaisha. Mimi niliweka kikombe chini, chai sikuimaliza.

Nitawaeleza sababu. Mnyororo nao utaingia humo humo.

Mimi ni mtoto wa Mahajanga, mtaa wa Antanimasaja, wa ukoo wa Kingazija. Nyumbani tulisema Kingazija, barabarani Kimalagasi, ofisini Kifaransa, na Kiswahili nilikuwa nacho cha chuoni na cha mabaharia tu. Hiki ninachoandikia nimekiokota baadaye, njiani. Kwa hiyo maneno ya watu nitakaowataja hayakusemwa hivi hasa. Nimeyavusha mimi.

Nilimaliza sekondari muda mfupi baada ya nchi kupata uhuru. Nikachukuliwa kibarua katika ofisi ya vipimo vya ardhi. Mama yangu, mjane aliyeuza vitumbua, aliutangazia mtaa mzima kwamba mwanawe sasa ni mtu wa serikali. Hakutaka kusikia neno kibarua. Lakini ndivyo nilivyokuwa, na wenzangu wanane vile vile. Mvua zikianza tuliambiwa twende nyumbani. Mvua zikikatika tulirudi kusimama mlangoni, kofia mkononi, kungoja kuitwa. Aliyeitwa aliingia. Hakuna aliyeuliza umesimama mlango ule mara ngapi.

Mwalimu wangu alikuwa Baba Tombo, Msakalava mwembamba wa makamo, mshika mnyororo wa siku nyingi kuliko sote. Mnyororo wetu ulikuwa wa mita kumi, pingili hamsini, na kila mita ilikuwa na kipande cha shaba chenye alama. Nyinyi mna utepe wa chuma unaojikunja wenyewe, lakini kazi ni ile ile. Wa mbele anabeba vijiti, anavuta, anachomeka. Wa nyuma anashika mpini wa pili, na akikifikia kijiti anakiokota. Vijiti vilivyo mkononi mwa wa nyuma ndiyo hesabu.

Juma langu la kwanza nilipoteza hesabu. Kiwanja tulichokwisha kukipima asubuhi, jioni kilitoka kifupi kwa mita kumi nzima. Baba Tombo alikitazama kile kiwanja kwa huzuni.

"Kimepungua," alisema. "Labda ng'ombe wamekila."

Wenzangu wakacheka mpaka wakakaa chini. Kijiti kilichopotea kilikuwa kimechomekwa kwenye mkanda wa suruali yangu, mgongoni.

Alinifundisha kwamba mnyororo haurukwi, unazungukwa. Kwamba jua la saa sita huurefusha, kwa hiyo vipimo vya asubuhi na vya mchana havilingani. Kwamba ukipimia pwani uufute chumvi kwa tambara lenye mafuta ya taa kabla hujaukunja. Na kwamba mtu wa mbele hageuki nyuma. Akigeuka, mkono wake unapinda. Yote anayotaka kujua kuhusu mwenzake wa nyuma atayasikia mkononi kupitia chuma. Nilidhani hilo la mwisho ni mbwembwe za wazee.

Halafu akanifundisha mashahidi. Jiwe la mpaka linaonekana, kwa hiyo linaweza kusogezwa, na watu wa mashamba wanajua kulisogeza. Ndiyo maana kabla ya kulisimamisha tunafukia chini yake vitu visivyooza: makaa, vipande vya chupa, vigae. Hao ndio mashahidi. Jiwe likilala au likihama, unachimba ukiwatafuta wao. Walipo ndipo mpaka ulipo, hata jiwe liape vipi. Vibarua wa Nosy Be, alikoanzia kazi Baba Tombo, walikuwa na desturi yao ya ziada. Mshika mnyororo wa mbele alitia kigae chake mwenyewe, chenye alama yake na mikato midogo, mkato mmoja kwa kila kiangazi alichoitwa kazini. Baba Tombo alama yake ilikuwa mistari miwili iliyokatana.

"Serikali haituhesabu," aliniambia. "Ardhi itatuhesabu."

Mwaka wangu wa tatu ikaja barua kutoka mji mkuu. Vibarua wa ofisi yetu wafanywe wafanyakazi wa kudumu, nafasi nane. Sisi tulikuwa tisa. Watapangwa kwa kutanguliana kazini, na ushahidi ni cheti cha kuajiriwa. Wa kwanza atakuwa kiongozi wa kikosi. Wa tisa, kazi yake imekwisha.

Mkuu wa ofisi, mtu wa nyanda za juu ambaye hatukumwita jina lolote ila Shefu, alinipa mimi kazi ya kuandika orodha kwa sababu nilijua taipu. Nilikusanya vyeti. Cheti kikongwe kilikuwa cha Bezara, mtu mnene mwenye maneno, aliyefundishwa kazi na Baba Tombo kama mimi. Cheti kipya kuliko vyote kilikuwa changu. Na Baba Tombo hakuwa na cheti chochote. Alipoanza Nosy Be watu waliandikwa daftarini tu, na kimbunga kilichobeba bati la ofisi ile kiligeuza daftari kuwa uji. Kanuni ilisema asiye na cheti awekwe mwisho. Nilimweka mwisho. Jina langu likawa la nane. Nilihesabu mara mbili, na mara ya pili nilihesabu polepole, kwa utamu. Sitawaficha.

Shefu aliisoma orodha mbele yetu sote. Wa tisa alikuwa Baba Tombo.

"Karatasi ndiyo inayosema," alisema Bezara. "Si mimi."

"Bezara," alisema Baba Tombo, "nani alikufundisha kusimamisha fito wima?"

"Wewe, Baba."

"Nilikufundisha kabla sijaanza kazi?"

Watu wakacheka, Bezara naye akacheka kidogo. Shefu hakucheka. Alikuwa mtu wa haki, lakini haki yake ilitaka kuandikika.

"Una ushahidi wowote, Tombo?"

"Ninao, Shefu. Uko Nosy Be, umefukiwa."

Akaeleza habari ya vigae. Shefu hakuijua desturi ile, lakini Bezara aliijua, na alipoulizwa hakuweza kuikana. Shefu akauliza ni jiwe gani litakaloweza kufunguliwa bila matatizo. Baba Tombo akafikiri. Mengi ya mawe yake yalikuwa ndani ya mashamba ya wenyewe na yangehitaji ruhusa. Mengine barabara imeyameza.

"La kumi na nne," alisema. "Ambondrona, kwenye mpaka wa kijiji na shamba la mlangilangi. Ramani yake imo kabatini humu, na mwaka umeandikwa."

Jiwe la kumi na nne nililijua. Mwaka wangu wa kwanza, baada ya mvua, Baba Tombo alikuwa na homa, nikatumwa peke yangu Nosy Be kukagua mawe ya Ambondrona. Kazi rahisi: unakwenda na orodha, kila jiwe unaandika lipo au halipo. La kumi na nne nililikuta limelala ubavu, limegongwa na gari la ng'ombe linalobeba maua ya mlangilangi. Kando yake palikuwa na shimo. Mwanamke mmoja wa pale, Mama Soa, ambaye shamba lake la muhogo lilipakana na mpaka, aliacha jembe akanijia.

"Hapo sipo lilipokuwa," aliniambia. "Lilikuwa huku, karibu na hiki kisiki cha mkorosho. Hilo ni shimo la gurudumu."

Mimi nilikuwa na sekondari, yeye alikuwa na jembe. Tena lori la kurudi mjini lilikuwa limeshapiga honi mara moja. Kanuni ilinitaka nichimbe niwatafute mashahidi, au nirudi kuita mtu wa kunishikia mnyororo. Sikufanya hivyo. Nililisimamisha jiwe ndani ya shimo la gurudumu, nikalishindilia kwa miguu, nikaandika "lipo mahali pake", nikatia sahihi, nikakimbilia lori.

Ukutani ofisini palikuwa na tangazo: atakayehamisha jiwe la mpaka atafungwa. Nilikuwa nimelipiga taipu mwenyewe, nakala sita.

Sasa nioneni nilivyokuwa ndani ya meli ya kwenda Nosy Be, tukiwa watu wanne, Shefu, Baba Tombo, Bezara na mimi wa kuandika. Wakichimba chini ya jiwe hawataona kitu. Baba Tombo atakuwa mwongo mbele ya serikali, atakwenda zake, na mimi nitabaki wa nane. Wakigundua jiwe limehama, Baba Tombo atakuwa wa kwanza, kila mtu atashuka ngazi moja, na mimi nitakuwa wa tisa hata kama hakuna atakayeniuliza kitu. Na wataniuliza, kwa sababu taarifa yenye sahihi yangu ilikuwa ndani ya mkoba wa Shefu, pamoja na ramani. Nilikuwa naweza kuuona ule mkoba kutoka nilipokaa. Sikuuondolea macho safari nzima.

Baba Tombo alinigawia muhogo wa kuchemsha. Niliushika tu mkononi.

"Bahari?" aliuliza.

"Bahari, Baba."

"Mimi nikipata kazi hii," alisema, "masika nitakaa barazani kwangu nitazame mvua. Nitaitazama tu. Sijawahi kuitazama mvua bila kuihesabia siku."

Tulipofika Ambondrona Mama Soa alikuwa shambani mwake. Akaja kusimama karibu nasi, mikono nyuma, akanitazama.

"Wewe si yule kijana wa mwaka ule?"

"Hapana, mama."

"Basi ana pacha," alisema, akaendelea kunitazama.

Bezara alichimba. Nilisimama upande wa pili wa jiwe, nikisikiliza jembe. Jembe likigonga kigae hulia. Halikulia. Yalitoka mawe madogo, mizizi, udongo wa manjano. Alipofika kina cha mkono mzima alisimama akajifuta uso.

"Baba Tombo," alisema, "mashahidi wako wamekwenda sokoni."

Shefu alitoa kalamu yake. Nadhani ningeweza kusema wakati ule. Niliona kalamu inafunguliwa, nikajua inakwenda kuandika nini, na ulimi wangu ulikuwa kama wa mtu mwingine. Mtu akiwauliza woga mkubwa unafananaje, mwambieni unafanana na usingizi. Mwili unakulalia.

Baba Tombo alipiga magoti. Alichukua udongo kutoka ukingo wa shimo, akausugua kati ya vidole, akaunusa.

"Udongo huu haujawahi kuchimbwa," alisema. "Jiwe hili ni geni hapa. Shefu, niruhusu mnyororo."

Nyinyi mnajua inavyofanywa. Unasoma kwenye ramani umbali wa jiwe lililopotea kutoka jirani yake wa kwanza, unaupima ukikwaruza upinde ardhini. Kisha umbali kutoka jirani yake wa pili, upinde mwingine. Pinde zinapokatana ndipo jiwe lilipotakiwa kuwa. Walianza na jiwe la kumi na tatu, Baba Tombo mbele, Bezara nyuma. Upinde ulipita kando tu ya jiwe letu, kwa hiyo haukusema mengi. Bezara alikuwa anatabasamu. Kila kitu kikabaki kwa jiwe la kumi na tano. Bezara alikuwa anahema, Shefu akamwambia apumzike.

"Wewe," aliniambia mimi. "Shika nyuma."

Jiwe la kumi na tano liko nyuma ya kichaka. Nilipolifikia nilikuwa peke yangu. Hakuna aliyeniona, na Baba Tombo, kama kawaida yake, hakugeuka. Mpini wa nyuma unatakiwa kubanwa juu ya msalaba uliochongwa kichwani mwa jiwe. Nilipiga hesabu haraka. Mahali pa kweli palikuwa karibu na mimi kuliko jiwe lilipo sasa, kwa hatua moja. Nikisogea mbele hatua moja, nikashika mpini hewani, upinde wa pili utaangukia pale pale kwenye shimo tupu. Urefu wa kwanza tu ndio ungetosha. Baada ya hapo vijiti vyenyewe vingebeba uongo wangu mpaka mwisho.

Nikasogea hatua moja. Nikashika hewani.

Mnyororo ukakazika. Ukakaa. Baba Tombo hakuchomeka kijiti.

"Madi," aliita, sauti ya chini, uso wake ukiwa bado mbele.

"Naam, Baba."

"Mtu akiubana mpini juu ya jiwe, mnyororo hulala. Huu wako unapumua."

Niliukaza mkono kwenye mpini.

"Umechoka?"

"Hapana."

"Unaogopa?"

Miaka mingi nimejiuliza ningeweza kujibu nini kingine. "Ndiyo, Baba."

"Mimi pia," alisema. "Rudi kwenye jiwe."

Nilirudi. Niliubana mpini juu ya msalaba kwa mikono miwili, na mnyororo ukalala. Akachomeka kijiti. Tukaenda urefu wa pili, wa tatu, wa nne, mimi nikiokota vijiti nyuma yake kama mtu anayeokota mashtaka yake mwenyewe. Upinde wa pili ulikatana na wa kwanza karibu na kisiki cha mkorosho. Mama Soa alikuwa ameshakwenda kusimama pale.

Hapo, pigo la tatu tu, jembe likalia. Yakatoka makaa, yakatoka vipande vya chupa ya kijani, kikatoka kigae. Shefu alikipangusa kwa leso yake. Mistari miwili iliyokatana, na chini yake mikato tisa. Aliitazama ramani, akatazama mwaka, akarudi nyuma viangazi tisa kwa vidole. Baba Tombo alikuwa amemtangulia Bezara kazini kwa miaka mingi. Bezara alijaribu kupinga.

"Mtu anaweza kuwa amekifukia juzi," alisema.

"Afukie mahali pasipo na jiwe?" aliuliza Shefu. "Angejuaje pa kufukia?" Akakifunga kigae ndani ya leso. "Lingekuwa jiwe limekaa mahali pake ningekuwa na shaka. Aliyelihamisha amemfanyia Tombo kazi nzuri."

Kisha akafungua mkoba. Nilijua anatafuta nini. Nilitakiwa kumngoja tu aipate taarifa, asome jina, ainue macho. Sikuweza. Haukuwa ujasiri, vijana. Sikuweza tu kuyangoja yale macho.

"Ni mimi," nilisema.

Bezara alinitazama mimi, akatazama shimo, akanitazama tena. "Msomi," alisema polepole. "Wewe msomi."

Mama Soa alirudi kwenye muhogo wake.

Shefu aliniamuru niandike pale pale, juu ya goti: kwamba jiwe nililikuta limelala, kwamba nililisimamisha bila kuwatafuta mashahidi, kwamba niliandika lipo mahali pake nikijua sijahakikisha. Karatasi ya kwanza haikusomeka. Aliichana, akanipa karatasi nyingine. Wakati naandika, Baba Tombo na Bezara walilihamishia jiwe mahali pake. Baba Tombo aliwarudisha mashahidi mmoja mmoja, akatia kigae kipya juu ya makaa, na aliniita nikatazame jinsi anavyolishindilia kwa mti, tabaka kwa tabaka, si kwa miguu. Nilitazama. Nimeshindilia hivyo tangu siku ile, nanyi mmeniona.

Mahajanga niliipiga taipu orodha mpya. Baba Tombo wa kwanza. Bezara wa pili. Nilipofika jina la nane niliacha mkono juu ya mashine.

"Umemaliza?" aliuliza Shefu.

"Nimemaliza."

"Maelezo yako nayapeleka mji mkuu. Jibu likija tutajua."

"Linaweza kuwa jibu gani, Shefu?"

Alifikiri kwa haki, kama alivyofikiri kila kitu. "Lolote," alisema.

Hilo neno niliishi nalo miezi mitano. Baba Tombo, akiwa sasa kiongozi wa kikosi, aliniita kila Jumatatu kama kibarua wa siku, nikamshikia mnyororo. Mfuko wa barua ulikuja Jumanne na Ijumaa. Siku hizo sikula kitu. Nilijifunza kutambua mihuri ya mji mkuu nikiwa mlangoni, kwa rangi. Mama alikuwa bado anauambia mtaa mimi ni mtu wa serikali, na mimi nilikuwa bado namwachia aseme.

Ijumaa moja askari aliingia ofisini, kofia mkononi, akauliza kama Shefu yupo. Nilitoka kwa dirisha. Suruali ilinasa kwenye bawaba, ikachanika kuanzia kiunoni mpaka gotini. Nilijificha nyuma ya tangi la maji mpaka Baba Tombo akaja.

"Amekuja kupimiwa kiwanja," alisema. "Anataka kujenga. Anauliza kwa nini wafanyakazi wetu hutokea dirishani."

Nilijaribu kucheka.

"Madi," alisema, "barua hiyo si lazima iwe mbaya."

"Unajuaje, Baba?"

"Sijui. Nasema si lazima."

Wiki iliyofuata nilipanda meli ya Ngazija. Sikumuaga yeyote ila mama. Kutoka Ngazija nikaenda kokote palipokuwa na mnyororo na mtu asiyenijua. Nimekuwa kibarua katika nchi tatu. Kila mara orodha ya kudumu ilipokaribia kutoka, nilikuwa nimeshafunga mzigo. Watu walisema Madi ana miguu ya kutembea. Niliwaachia waseme hivyo. Lilikuwa jina zuri kuliko la kweli.

Mnauliza kwa nini niwaambie haya na sio jinsi ya kuunganisha pingili iliyokatika. Pingili mtaunganisha. Mmoja wenu anayo karatasi kongwe na mwingine anayo miaka mingi, na yupo mmoja kati yenu, simjui ni nani, anayejua jambo ambalo wengine hawalijui na analala vibaya. Naandika kwa ajili ya huyo.

Nilirudi Mahajanga mara moja, baada ya miaka mingi. Mama alikuwa ameshazikwa. Baba Tombo naye alikuwa amekufa, barazani kwake, masika. Bezara nilimkuta Antanimasaja, amestaafu kwa heshima, amekaa kwenye kiti cha kamba, mnene kuliko zamani.

"Msomi," alisema. "Umechelewa."

Tukaagiza kahawa. Tukazungumza juu ya wenzetu sita waliobaki, nani yuko wapi. Nilimwuliza lile swali nikitazama kikombe.

"Barua?" alisema. "Ilikuja. Wiki sita baada ya wewe kutoweka. Onyo la maandishi, mistari mitatu, na chini yake wakasema ofisi iongezewe nafasi ya tisa, apewe huyo huyo kijana, kwa kuwa alikiri na jiwe limerudi."

Nilimwambia arudie. Akarudia.

"Shefu alikungoja miezi miwili kabla hajampa mwingine. Baba Tombo alikwenda kwa mama yako mara tatu kuuliza uko wapi. Kwa miguu, kutoka kwake mpaka huku. Mara zote tatu mama yako alimwambia hajui."

Mama alijua. Kila barua yangu kutoka Ngazija ilianza kwa salamu, kisha maneno yale yale: akija mtu yeyote wa ofisi, mwambie hujui niliko.